JIWE LENYE SAUTI

Siku moja katika kikundi chetu cha uandishi mwenzetu alitusomea hadithi yake. Ilihusu nchi ambayo mfalme wake kapiga marufuku habari zote. Lakini kulikuwa na jiwe moja la fuwele, linang'aa kama barafu, na aliyekuwa nalo alisikia sauti za watu walioko ng'ambo ya milima. Hata hajamaliza, mmoja akamkatiza: "Aa, bwana, achana na ndoto za Kizungu. Wapi umeona jiwe linasema?" Tukacheka wote. Mwenzetu akakunja karatasi zake, na mpaka leo hajazileta tena.

Na mimi nilicheka. Sasa naandika makala haya kwa sababu nimesoma historia kidogo, nikagundua kuwa tulimcheka bure. Jiwe lile lipo.

Kwanza tuseme kweli, mawe yenye sauti si mali ya Wazungu peke yao. Nenda Serengeti, kwenye vilima vya mawe vya Moru, utakuta jabali lenye vishimo vingi vilivyochimbika kwa kugongwa. Ukiligonga linalia kama chuma. Kisiwani Lolui, Ziwa Viktoria upande wa Uganda, yapo mengine ya namna hiyo. Basi kama ni ndoto, hata wazee wa huku waliiota.

Lakini jiwe la mwenzetu hasa ni lingine. Linaitwa galena. Ni fuwele ya kijivu yenye kumetameta, imefanyika kwa risasi na salfa, na watu wameichimba tangu zamani ili kupata risasi. Mwaka 1874 Mjerumani Ferdinand Braun aligundua jambo la ajabu: ukigusisha ncha ya waya kwenye madini ya jamii hiyo, umeme hupita vizuri upande mmoja, ukirudi unakataliwa. Wakati huo hakuna aliyejua jambo hilo lina faida gani.

Miaka ya 1890, mjini Calcutta, mwanasayansi Mhindi Jagadish Chandra Bose alikuwa akichunguza mawimbi yasiyoonekana. Mwaka 1901 aliomba hataza ya Marekani kwa chombo cha kuyanasa kwa kutumia galena, akapewa mwaka 1904. Kwa hiyo yule anayesema haya ni mambo ya Kizungu tu, ajibu na hilo.

Chombo chenyewe kilikuwa rahisi ajabu. Waya mrefu wa eriali juu, waya mwingine umeingia ardhini, koili ya kuchagulia stesheni, kipande cha galena, na spika ndogo ya sikioni. Juu ya jiwe unagusisha waya mwembamba ambao Waingereza waliuita sharubu la paka. Wimbi la redio linatikisika huku na huku upesi mno, spika haiwezi kulifuata. Jiwe linaruhusu upande mmoja tu, na hapo sauti iliyobebwa na wimbi inatoka. Betri hakuna, umeme wa ukutani hakuna. Nguvu yote inatoka kwenye wimbi lenyewe, yaani hewani!

Ila lina masharti. Sauti ni ndogo, anasikia mtu mmoja, labda wawili. Si kila sehemu ya jiwe inakubali. Unatafuta kwa subira, unahamisha ncha kidogo kidogo. Ukikohoa, meza ikatikisika, sauti imepotea, uanze upya.

Sasa njoo Uholanzi. Wajerumani waliivamia mwezi wa Mei 1940. Malkia Wilhelmina akakimbilia London, na kuanzia Julai mwaka huo matangazo ya Kiholanzi yaitwayo Radio Oranje yalirushwa kutoka huko kwa mitambo ya BBC. Wavamizi wakapiga marufuku kuyasikiliza. Watu wakaendelea. Mwezi wa Mei 1943 ikatoka amri kali zaidi: kila mtu asalimishe redio yake. Halafu ukaja msimu wa baridi wa 1944 hadi 1945, chakula hakuna, umeme umekatwa, na watu wapatao 20,000 wakafa kwa njaa. Hata aliyekuwa ameficha redio ya umeme, angeiwashia nini?

Hapo ndipo jiwe lilipofanya kazi yake. Watu walijitengenezea vyombo vidogo vya fuwele, wakavificha. Mtu anakaa gizani, tumbo tupu, kashika spika sikioni, anatafuta kwa ncha ya waya sehemu inayosema. Akiipata anajua majeshi yamefika wapi, na kesho anamnong'oneza jirani. Akikamatwa, ni adhabu. Nchi ilikombolewa tarehe 5 Mei 1945.

Haya, msomaji, hebu linganisha: mtawala kakataza habari, jiwe linalong'aa, sauti kutoka ng'ambo. Si ndiyo hadithi tuliyoicheka?

Nimejifunza mambo mawili. La kwanza, tusiwe wepesi wa kumkatiza mtu kwa sababu tu ameota. La pili ni kwa sisi tunaoandika: ajabu bila sharti haina uzito. Anne McCaffrey, katika riwaya yake Crystal Singer ya mwaka 1982, ana watu wanaokata fuwele kwa kuimba, lakini kazi hiyo inawala kumbukumbu zao. Galena nayo ilidai subira, ukimya na hatari ya kukamatwa. Jiwe linalompa kila mtu kila kitu halimfundishi msomaji lolote.

Mwenzetu, kama unasoma hapa, zilete zile karatasi. Safari hii hatutacheka. Tutakuuliza swali moja tu: jiwe lako linamdai nini anayelisikiliza?