Japani: Kutoka Mlango Uliofungwa hadi Vita vya Ubeberu

Wapo wanaodai kwamba Japani ilivamia majirani zake kwa sababu ilijifungia muda mrefu mno, na ilipofunguka ikalipuka. Maelezo hayo hayatutoshelezi. Hayasemi ni tabaka gani lililofunga mlango, ni tabaka gani lililoufungua, na kwa faida ya nani.

Kati ya mwaka 1633 na 1639, utawala wa makabaila wa ukoo wa Tokugawa uliwakataza Wajapani kusafiri ng'ambo na ukawafukuza Wareno. Hata hivyo, Waholanzi walibakizwa Nagasaki, na biashara na Wachina na Wakorea iliendelea chini ya ulinzi mkali. Mlango haukufungwa kabisa, bali ufunguo ulishikwa na mtawala. Shabaha yake ilikuwa kuwazuia makabaila wengine wasipate mali na silaha kutoka nje, na kuhakikisha Ukristo hauwi bendera ya waasi, kama ilivyotokea wakulima wa Shimabara walipoasi mwaka 1637. Mkulima aliendelea kutoa kodi ya mpunga.

Mwaka 1853 manowari 4 za Marekani, zikiongozwa na Perry, ziliingia Ghuba ya Edo. Kwa mikataba ya 1858 Japani ilinyang'anywa uwezo wa kujipangia ushuru wa forodha, na wageni waliofanya makosa hawakuhukumiwa na mahakama zake. Hofu ya kutawaliwa, pamoja na kuoza kwa ukabaila, vilileta mageuzi ya Meiji ya mwaka 1868.

Lakini mageuzi hayo hayakuongozwa na umma. Yaliongozwa na samurai wa Satsuma na Choshu, wakisaidiwa na matajiri wa biashara. Kodi ya ardhi ya mwaka 1873 ilidaiwa kwa fedha taslimu, na wakulima wengi wakapoteza mashamba. Viwanda na migodi ya serikali viliuzwa kwa bei ya chini kwa makampuni kama Mitsui na Mitsubishi. Mabinti wa wakulima walitumikishwa katika viwanda vya hariri na pamba kwa ujira mdogo. Umma maskini haukuweza kununua kilichozalishwa. Mabepari na majenerali wakatafuta masoko na malighafi kwa mtutu wa bunduki.

Mwaka 1876 Japani iliilazimisha Korea kutia sahihi mkataba wa kinyonyaji, sawa na ule iliotendewa yenyewe. Ikaitwaa Taiwan mwaka 1895, Korea mwaka 1910 na Manchuria mwaka 1931. Mwaka 1937 ikaishambulia China yote. Ilijiita mkombozi wa Asia, huku Wakorea wakipelekwa migodini kwa nguvu. Mwaka 1944, askari wa KAR kutoka Afrika Mashariki walipigana na Wajapani huko Burma. Hivyo mwana wa mkulima wa Tanganyika na mwana wa mkulima wa Japani walielekezeana bunduki kwa amri za mabeberu wawili. Mwaka 1945 walioungua Hiroshima na Nagasaki walikuwa hasa raia.

Funzo kwetu ni wazi. Taifa laweza kujinasua kutoka mikononi mwa mabeberu na bado lisikomboke. Kujitegemea kusikoondoa unyonyaji ndani ya nchi huishia kuupeleka kwa jirani. Kila tunapojadili kufungua au kufunga mlango wa uchumi, tuanze kwa kuuliza: ufunguo umeshikwa na nani?