Mkono Juu ya Ardhi: Mshikaji, Mdai na Zuio la Mahakama

Imamu Muslim amepokea kutoka kwa Wail bin Hujr (r.a.) habari ya watu wawili waliofika mbele ya Mtume (s.a.w.), mmoja wa Hadhramaut na mwingine wa kabila la Kinda. Yule wa Hadhramaut alidai kuwa mwenziwe amemnyang'anya ardhi iliyokuwa ya baba yake. Mkinda akajibu kuwa ardhi ni yake, imo mkononi mwake, naye ndiye anayeilima. Mtume (s.a.w.) akamwuliza mdai kama anayo bayyina. Alipokuwa hana, akaambiwa kuwa lililobaki ni kiapo cha mdaiwa. Akalalamika kuwa mtu yule ni muovu, hajali anachokiapia. Akajibiwa kuwa hana haki zaidi ya hiyo. Mkinda alipoondoka kwenda kuapa, Mtume (s.a.w.) akatoa onyo zito juu ya mwenye kuapa ili ale mali kwa dhulma.

Katika habari hii wanazuoni wamepata hukumu ya yad, yaani mkono. Mkono si milki. Ni dhahiri inayomweka mshikaji mahali pake mpaka mdai athibitishe. Katika madhehebu ya Shafi, ambayo ndiyo ya pwani yetu, pande mbili zikileta bayyina zinazolingana, ya mwenye mkono hutangulia. Hanafi na Hanbali wao huitanguliza ya mdai aliye nje. Wanazuoni wa Maliki wakaongeza jambo linalokaribia sana zuio la leo: mdai akileta ushahidi wenye uzito lakini haujakamilika, kadhi aweza kuisimamisha mali, mshikaji asiiuze wala kuibadilisha, hadi ushahidi utimie.

Tumeyaleta haya kwa sababu ya ndugu zetu wa Mkange, kaskazini ya Mto Wami wilayani Bagamoyo, kwenye njia ya Saadani na Pangani. Huko wengi wanashika ardhi kwa mikorosho, kwa makaburi ya wazee na kwa ushahidi wa jirani. Hati ni chache. Hifadhi ya Taifa ya Saadani ilitangazwa mwaka 2005, barabara nayo imeipandisha thamani ardhi ya ukanda ule, na mgeni mwenye karatasi hakosekani.

Mkono wa mwenyeji haukuheshimiwa sikuzote. Amri ya Wajerumani ya Novemba 1895 iliifanya ardhi isiyothibitishwa kuwa na mwenyewe kuwa mali ya dola. Mshikaji akageuzwa kuwa mdai. Waingereza walitunga Sheria ya Ardhi mwaka 1923, na marekebisho ya mwaka 1928 ndiyo yaliyotaja wazi haki ya wenyeji wanaotumia ardhi kwa mila zao. Hata baada ya uhuru mkono ulidhoofika. Katika shauri la NAFCO na Baraza la Kijiji cha Mulbadaw, huko Hanang, wanakijiji walishinda Mahakama Kuu, lakini mwaka 1985 Mahakama ya Rufani ikasema baraza halikuonyesha kuwa lilipewa ardhi ile kisheria, na wanakijiji hawakuthibitisha haki yao ya kimila. Wengine tunaona ushahidi wa mkono ulidaiwa kwa ukali kupita kiasi. Hata hivyo somo lake halikwepeki: kuwapo shambani hakutoshi, lazima kuthibitishwe barazani.

Sasa tuje kwenye zuio. Katika shauri la Atilio na Mbowe, mwaka 1969, Jaji Mkuu Georges aliweka mambo matatu ambayo mahakama zetu zinayafuata hadi leo. Kuwe na suala zito la kuamuliwa na uwezekano wa mwombaji kushinda. Kuwe na madhara ambayo fedha haitayaponya. Na taabu ya kunyimwa zuio iwe kubwa kuliko taabu ya upande wa pili likitolewa. Hapa hakimu haulizi ardhi ni ya nani. Anauliza ikae mikononi mwa nani shauri likiendelea.

Wengi hawalielewi hili. Tunamjua mzee mmoja aliyenyimwa zuio akadhani amenyang'anywa shamba. Akauza mbuzi wake kutafuta rufaa, huku shauri lenyewe halijasikilizwa hata shahidi mmoja. Rufaa ile haikuwa na njia. Tangu marekebisho ya mwaka 2002, Sheria ya Mwenendo wa Madai na Sheria ya Mamlaka ya Rufani zimefunga rufaa dhidi ya amri ndogo za katikati ya shauri, isipokuwa amri iliyolimaliza shauri. Ukali huu una maslaha: zamani shauri moja lilipanda na kushuka mahakama tatu, na mashahidi wazee wakafa.

Na aliyeshindwa shauri lenyewe katika Baraza la Ardhi na Nyumba la Wilaya ana siku 45 za kukata rufaa Mahakama Kuu. Kukata rufaa peke yake hakusimamishi utekelezaji. Lazima aombe kusimamishwa, na aombe mapema, kabla dalali hajafika shambani. Aliyepata zuio chini ya Sheria ya Mwenendo wa Madai naye asilale: muda wake hauzidi miezi sita, na ukiongezwa, jumla haipiti mwaka mmoja.