Mifupa ya Theseus: Kisasili, Dola na Kisiwa cha Skyros

Mnamo mwaka 475 K.K., au karibu na hapo, Kimon mwana wa Miltiades, jemadari wa Athens, alirejea kutoka kisiwa cha Skyros akiwa amepakia merikebuni jeneza lenye mifupa ya mtu wa kimo kikubwa, pamoja na mkuki na upanga wa shaba. Wananchi waliambiwa kwamba hiyo ilikuwa mifupa ya Theseus, mfalme wao wa kale. Kwa mujibu wa Plutarch, waliipokea kwa maandamano na kafara, kana kwamba Theseus mwenyewe ndiye aliyekuwa akirudi nyumbani.

Katika istilahi za fasihi simulizi ya Kiswahili, masimulizi ya Theseus yapo mpakani mwa kisasili na mighani. Ni mighani kwa kuwa yanamhusu shujaa aliyeaminika kuwa aliishi, akamuua Minotaur, kiumbe nusu mtu nusu ng'ombe, katika kisiwa cha Krete. Ni kisasili kwa kuwa yanaeleza asili ya mji wenyewe, yaani jinsi vijiji vya Attica vilivyounganishwa kuwa dola moja. Mgawanyo huu una manufaa darasani, lakini hausemi ni nani aliyeyahitaji masimulizi hayo, wala aliyahitaji lini.

Mwanzoni Theseus hakuwa mtu mkubwa kiasi hicho. Katika utenzi wa Iliad, kiongozi wa jeshi la Athens huko Troy ni Menestheus, na Theseus anatajwa kwa kupita tu. Baadhi ya habari zake hazikuwa za kujivunia: alimtelekeza Ariadne, binti aliyemwokoa Krete, na alimteka Helen angali mtoto. Plutarch anamnukuu Hereas, mwandishi kutoka mji wa Megara, aliyedai kwamba mtawala Peisistratos aliagiza mstari mmoja wa Hesiod uliomwaibisha Theseus uondolewe. Hereas alikuwa mtu wa mji hasimu, hivyo ushahidi wake upokewe kwa tahadhari. Hata hivyo, tuhuma yenyewe inaonyesha kwamba sifa za Theseus zilikwisha kuwa mali ya kugombaniwa.

Mwishoni mwa karne ya 6 K.K. mambo yalibadilika. Wachoraji wa vyungu walianza kumwonyesha si akipambana na Minotaur peke yake, bali pia akiwaua majambazi mmoja baada ya mwingine katika njia ya kutoka Troezen hadi Athens. Katika jengo la hazina ambalo Waathens walilijenga Delphi, matendo yake yalichongwa sambamba na ya Herakles, shujaa wa Wagiriki wote. Jambo la kustaajabisha ni kwamba Kleisthenes alipougawa umma katika makabila 10 mnamo mwaka 508 K.K., Theseus hakuwa miongoni mwa mashujaa waliopewa majina ya makabila hayo, ingawa baba yake Aigeus na mwanawe Akamas walikuwamo.

Vita dhidi ya Waajemi vilimkweza zaidi. Ilisimuliwa kwamba katika mapigano ya Marathon, mwaka 490 K.K., askari wengi walimwona Theseus mwenye silaha akiwatangulia kuwashambulia adui. Mmoja wa majemadari wa siku hiyo alikuwa Miltiades, ambaye muda mfupi baadaye alishtakiwa na wananchi wenzake, akatozwa faini ya talanta 50, akafa kabla ya kuilipa. Kimon ndiye aliyelipa deni hilo la baba yake. Kwa mwanasiasa wa aina hiyo, kumrudisha nyumbani shujaa wa Marathon hakukuwa ibada tupu.

Mfano ulikwishawekwa na Sparta. Herodotus anasimulia jinsi Wasparta, kwa agizo la kuhani wa Delphi, walivyoichukua kwa hila mifupa ya Orestes kutoka Tegea, katika jeneza la dhiraa 7, yaani takribani mita 3, na tangu hapo wakawa wanawashinda Watega vitani. Waathens nao walipata agizo la Delphi. Ilisemekana kwamba Theseus, baada ya kufukuzwa na watu wake, alikufa Skyros kwa kusukumwa kutoka gengeni na mfalme Lykomedes. Kwa hiyo kisiwa hicho kilikuwa na deni la damu.

Hapa ndipo vyanzo vinapotofautiana kwa namna yenye maana. Plutarch, aliyeandika zaidi ya miaka 500 baadaye, anaeleza kwa kirefu habari ya tai aliyekuwa akidonoa kilima hadi kaburi likagunduliwa, na anawaita wenyeji wa Skyros, Wadolope, kuwa ni maharamia. Thucydides, aliyezaliwa katika karne ileile ya tukio, hataji mifupa kabisa. Anasema kwa ufupi tu kwamba Waathens waliwatia utumwani Wadolope na kukikalia kisiwa wao wenyewe. Skyros ipo katika njia ya bahari iendayo kaskazini mwa Aegean, ambayo dola yenye merikebu nyingi isingependa iwe mikononi mwa wengine.

Baada ya kuzikwa upya, Theseus aliendelea kubadilika. Katika tamthilia ya Euripides ihusuyo wanawake waombao hifadhi, mfalme huyu anamweleza mjumbe wa Thebes kwamba Athens haina mtawala mmoja na kwamba umma hushika madaraka kwa zamu. Mfalme anayekana ufalme ni kioja, lakini watazamaji walikipokea. Karne kadhaa baadaye, Pausanias aliona mjini Athens mchoro uliomweka Theseus pamoja na Demokrasia na Umma, akasema waziwazi kwamba imani hiyo ni ya watu wasiojua historia, waliolelewa kwa nyimbo na tamthilia.

Kaburi lenyewe liliwekwa katikati ya mji. Lilikuwa kimbilio la watumwa na la wanyonge wote waliowaogopa wenye nguvu, kwa sababu Theseus, asema Plutarch, alikuwa mtetezi wa wanyonge. Hakuna chanzo kinachoeleza kama kuna Mdolope yeyote aliyewahi kukimbilia hapo.

Mwaka 386 K.K. mfalme wa Uajemi aliwalazimisha Wagiriki kufanya amani, akaamuru miji yao mingi iwe huru, huku visiwa 3 vikiachwa chini ya Athens: Lemnos, Imbros na Skyros. Sababu iliyotajwa katika tamko lake ni kwamba visiwa hivyo vilikuwa vya Waathens tangu zamani.