Tauni ya 1904 na Kuzaliwa kwa Newtown

Ndugu zangu, tunapoadhimisha Uhuru wetu wa Desemba 9 tukiwa Johannesburg, tuikumbuke historia ya ardhi ya Newtown tunayoikanyaga.

Mwaka 1904 hapa palikuwa na mtaa wa Wahindi uliosongamana. Waafrika nao waliishi humo. Halmashauri ilikwisha kuutwaa mtaa huo, lakini usafi haukushughulikiwa. Mwezi Machi ikazuka tauni ya mapafu. Mohandas Gandhi, aliyekuwa wakili mjini, na wenzake wakawalaza wagonjwa 23 katika nyumba tupu iliyovunjwa kufuli. Halmashauri ikatoa ghala na muuguzi mmoja. Wagonjwa 21 walifariki, na muuguzi yule pia.

Kisha wakazi wakahamishiwa Klipspruit, mbali na mji, na mtaa ukachomwa moto. Newtown ikajengwa juu ya majivu. Klipspruit leo ni sehemu ya Soweto.

Nami ni muuguzi, naona somo. Watu walilaumiwa kwa uchafu ambao wenye mamlaka waliuacha. Palipo na hofu ya kufukuzwa, wagonjwa hufichwa. Na mficha maradhi, kifo humuumbua. Julai 2021 Rais Samia alichanjwa UVIKO-19 hadharani, wananchi wakimwona. Imani hujengwa hivyo, si kwa kiberiti.

Wazazi, tunzeni kadi za chanjo za watoto. Nanyi watoto, mkipita Newtown, mkumbukeni muuguzi yule.

Heri ya Uhuru!