Kutoka Frere Town hadi Sauti ya Kenya: Leonard Mambo Mbotela na Neno Ungwana

Wanaisimu wa Afrika Mashariki wameandika mengi kuhusu Kamati ya Lugha iliyoundwa mwaka 1930 ili kusanifisha Kiswahili, na machache mno kuhusu watangazaji waliokifikisha Kiswahili hicho majumbani. Makala haya yanamwangalia mmoja wao, Leonard Mambo Mbotela (1940–2025), kwa kulifuata neno moja alilolitumia kwa zaidi ya nusu karne.

Mbotela alijiunga na Sauti ya Kenya mwaka 1964, mwaka ambao serikali ya nchi huru ilikitwaa chombo hicho. Alisoma habari, alitangaza mpira wa miguu, na kuanzia 1966 aliendesha kipindi cha “Je, Huu ni Ungwana?” redioni na pia katika runinga. Muundo wake ulikuwa sahili: alieleza tabia fulani ya kila siku, kisha akauliza kama ni ya kiungwana.

Swali hilo lina uzito usioonekana mara moja. Katika miji ya pwani ya karne ya 19, mwungwana alikuwa kwanza mtu huru mwenye nasaba, asiye mtumwa. Adabu ilihesabiwa kuwa yake kwa kuzaliwa. Mmoja wa mababu zake Mbotela alitekwa na wafanyabiashara ya watumwa, akakombolewa, na ukoo wake ukakulia Frere Town, makazi ya watumwa walioachwa huru yaliyoanzishwa na wamisionari karibu na Mombasa mwaka 1875. James Juma Mbotela, wa ukoo huohuo, aliziandika habari za watu hao katika “Uhuru wa Watumwa”, kitabu kilichochapishwa mwaka 1934. Kwa kipimo cha kale, familia hii isingeingia katika hesabu ya waungwana. Mwana wa familia hiyo ndiye aliyewauliza Wakenya wote, wenye nasaba na wasio nayo, kama wametenda kiungwana.

Sisemi kwamba ni yeye aliyeibadilisha maana. Mapema zaidi, wapagazi wa misafara kutoka Unguja, wengi wao wakiwa watumwa, walijiita waungwana walipofika bara, na Kiswahili walichokiacha mashariki mwa Kongo kikaitwa Kingwana. Lakini wapagazi walidai hadhi. Mbotela aliuliza kuhusu mwenendo, na mwenendo haurithiwi.

Tarehe 1 Agosti 1982, askari wa jeshi la anga waliojaribu kuipindua serikali ya Rais Daniel arap Moi walimchukua nyumbani kwake, wakamlazimisha kutangaza kwamba serikali imeanguka. Baada ya askari watiifu kukikomboa kituo, sauti ileile ilitangaza kinyume. Waasi walikuwa na vinywa vyao wenyewe, lakini walijua ni Kiswahili cha nani ambacho wananchi walizoea kukiamini.

Kwa washauri wa sera, kanda za vipindi kama hivi zinastahili kuorodheshwa na kuhifadhiwa kidijitali kwa uangalifu uleule tunaozipa hati za tenzi. Kamusi hutueleza kwamba mwungwana ni mtu huru na pia mtu mwenye adabu. Kanda ndizo zinazoweza kutuonyesha kama msikilizaji wa Kisumu au Nyeri aliwahi hata kuisikia maana ya kwanza.