Shamba lenye kesi: nani alilinde mpaka hukumu itoke?

Mhami anayerudi Djugu akikuta nyumba imeungua, anaweza kujenga ingine. Lakini akikuta mtu amesimika mawe ya mpaka shambani na ana karatasi yenye mihuri mkononi, hapo mambo yanakuwa magumu. Kesi ya ardhi inaweza kuchukua miaka. Wakati tribinali inasikiliza, yule aliye ndani anakata miti, anauza vipande, anajenga. Siku hukumu inatoka, cha kurudishiwa mwenyewe ni kidogo.

Tatizo hilo si la leo. Dekreti ya tarehe 30 mwezi wa saba 1888, ya wakati wa Leopold, iliruhusu juji kuweka mali yenye ubishi mikononi mwa mtu wa tatu. Watu wa sheria wanaita sekestre. Mtu huyo analinda tu, kisha anamkabidhi atakayeshinda.

Lakini utawala uleule ulikuwa umekwisha kuharibu mwanzo. Tarehe 1 mwezi wa saba 1885 ulitangaza kwamba ardhi “tupu” ni ya Leta. Shamba lililopumzishwa, msitu wa kuwinda, vyote viliweza kuhesabiwa tupu, kana kwamba mkulima anayeacha udongo upumue ameuhama. Ikaja pia sertifika, kwa mfano wa ile Robert Torrens aliyoanzisha Australia Kusini mwaka 1858: kinachoaminiwa ni kitabu cha konservateri, si kumbukumbu ya majirani.

Mobutu alikaza zaidi. Sheria ya tarehe 20 mwezi wa saba 1973 ilisema udongo wote ni wa Leta, raia anapewa konsesio tu. Kwa ardhi za mila iliahidi ordonansi ya Rais. Miaka kumi ikapita, ishirini, ordonansi haikutoka. Mwezi wa kumi na moja mwaka uleule ikaja zairianisasio, mashamba ya wageni yakagawiwa Wazairwa, hasa waliokuwa karibu na utawala.

Sheria hiyo ilikuwa na mwiba: baada ya miaka miwili sertifika haipingiki tena. Anayelalamika anaweza kudai fidia, si shamba. Basi mtu aliweza kuandikisha ardhi yenye wakaaji, akanyamaza miaka miwili, halafu akaja kuwafukuza. Huko Walendu Pitsi, mwaka 1999, ubishi juu ya makonsesio uliwasha moto ulioenea Ituri na kuua maelfu. Jeshi la Uganda, silaha na dhahabu viliongeza kuni, lakini kiberiti kilikuwa ardhi.

Je, kesi ingeweza kuzuia? Pengine, kama ingefunguliwa mapema na shamba likasimamishwa. Kwa sheria ya tarehe 11 mwezi wa nne 2013, ubishi wa ardhi ya mila unapelekwa kwenye tribinali ya amani. Kabla ya hukumu yenyewe, juji anaweza kuombwa uamuzi wa muda, unaoitwa kwa Kifaransa avant dire droit: kazi zisimame, kitu kisiuzwe, au sekestre iwekwe.

Kuna mtego hapa, na wengi wameanguka ndani. Kanuni za tarehe 7 mwezi wa tatu 1960 zinamruhusu juji kuamuru hukumu itekelezwe mara moja, hata kama kuna rufaa, pale mshindi ana hati halali ya Leta. Sertifika ni hati ya namna hiyo. Kukata rufaa peke yake hakumzuii wisie kuja kutoa watu. Inabidi avoka aombe pia, mbele ya juji wa rufaa, amri ya kuzuia utekelezaji, défense à exécuter.

Sheria ya 1973 iliandikwa kwa mtu anayelala nyumbani kwake na kuona mpimaji akipita. Aliye kambini hamwoni. Habari anaipata kwa ndugu aliyebaki, na pengine sertifika imekwisha kutoka miezi mingi.