Picha Nayo Ina Isnadi

Aghlabu tukikaa jioni na watoto mbele ya televisheni, ikaoneshwa filamu ya zamani isiyo na rangi, husema: "Hii ndiyo kweli yenyewe, macho hayadanganyi." Basi tusikilize kisa hiki kwanza.

Mnamo Novemba 1940 watawala wa Kijerumani waliwafungia Mayahudi wa mji wa Warsaw, nchini Poland, ndani ya ukuta. Watu zaidi ya 400,000 walisongamana mle, wakifa kwa njaa na maradhi. Mwezi wa Mei 1942 wakaingia wapiga filamu wa serikali ile ile iliyowafungia, wakapiga picha kwa muda wa mwezi hivi. Tarehe 22 Julai ya mwaka huo watu wale wakaanza kupakiwa katika magari ya moshi, kwenda kuuawa Treblinka.

Filamu ile haikumalizwa wala haikutiwa sauti. Mwaka 1954 ilikutwa katika hifadhi ya Ujerumani ya Mashariki, urefu wake kama saa moja. Tangu hapo watengenezaji wa filamu na vipindi walichukua vipande vyake, wakavitia katika kazi zao kuwa ni ushahidi. Mlikuwa na maiti njiani. Mlikuwa pia na mabibi na mabwana waliovaa vizuri, wakila na kunywa, kana kwamba hawawajali masikini wao.

Mwaka 1998 yakapatikana mabaki ya filamu ile, kama nusu saa. Hapo siri ikafichuka: tendo moja limepigwa mara mbili, mara tatu, watu wanarudishwa wapite tena, na mpiga filamu mwenyewe anaonekana pembeni. Adam Czerniaków, mkuu wa baraza la Mayahudi mle, alikuwa keshaandika katika daftari lake jinsi wapiga filamu walivyoingia mpaka nyumbani kwake. Mwaka 2010 Yael Hersonski wa Israel aliyakusanya hayo yote katika filamu yake, *A Film Unfinished*, akawaonesha picha zile wazee walionusurika.

Tuzingatie hapa. Njaa ilikuwa ya kweli, na maiti walikuwa wa kweli. Uwongo ulikuwa katika mpango: dhalimu alimnyima mtu chakula, kisha akamtia katika picha ili aonekane kuwa yeye ndiye asiye na huruma. Na waliokopa vipande vile bila ya kuuliza, ingawa nia yao ilikuwa njema, walimpa dhalimu ulimi wa kusema tena.

Wanavyuoni wetu hawakuipokea khabari mpaka wajue imetoka kwa nani, naye kaipata kwa nani. Picha nayo yataka isnadi: nani aliipiga, kwa amri ya nani, na nini kilikatwa? Mtengeneza filamu asiyeuliza hayo amewadhulumu maiti, nao hawawezi kujitetea. Dhulma ni dhulma, awe nani aliyedhulumiwa.

Basi watoto wetu wakituuliza, "Baba, haya ni kweli?" tusikimbilie kujibu. Tuwafundishe kuuliza: "Nani aliyeshika kamera?"